Kila Neno Lipite kwa Kiboko

Nimekuja na kisa, nikitue?

*Kitue.*

Ni kizito.

*Tutakupokea.*

Kina uongo ndani.

*Na ukweli je?*

Umekaa chini kabisa.

*Basi kitue, tutauchimba.*

Hapo kale, si kale sana, palikuwa na mlima wenye chemchemi moja. Maji yake yalikuwa membamba kama uzi, na uzi haumwagilii shamba. Kwa hiyo wanyama wa mlimani walijenga ndiva, yaani bwawa dogo la udongo na mawe. Usiku maji yalijaa. Asubuhi waliling'oa jiwe la mlangoni, maji yakateremka mferejini, shwaaa, hadi kwenye magimbi ya kila mmoja.

Jiwe lile halikung'olewa na mmoja. Lilifungwa kamba nene ya mgomba, likavutwa kwa msaragambo, kazi ya wote. Baragumu likilia, puuu, kila mmoja aliacha alichokishika akaja. Walivuta, na wakishavuta walikaa ukingoni wakasema. Nani anaumwa. Nani amejifungua. Ukuta umebonyea wapi. Magimbi ya nani yameliwa na wadudu. Ukiwatazama ungesema ni wavivu wanaopiga soga. Lakini ndiva haikuwahi kupasuka, na hakuna aliyekosa maji.

Mwaka wa ukame akaja Kiboko. Mto wake wa bondeni ulikuwa umekauka, akapanda mlima akihema, hef, hef, hef. Akaiona ndiva. Akaingia, chubwi. Maji yakapanda hadi ukingoni, na mwenyewe akatulia, macho nje, masikio nje, tumbo ndani.

Mgeni siku mbili. Siku ya tatu walimpa jembe, kama desturi ilivyo. Kiboko akalitazama jembe kama mtu aliyepewa mtoto wa mwenzake amshike. Akasema hakuja kulima. Amekuja kuwaratibu.

"Nimewasikiliza siku mbili," akasema. "Mnasema wote, mnasema ovyo, mnasema juu ya kila kitu. Hapa hakuna mfumo wa mawasiliano."

Wanyama wakatazamana. Hakuna aliyejua mfumo wa mawasiliano ni mnyama gani, na hakuna aliyetaka kuonekana hajui. Wakatikisa vichwa kwa busara. Mambo mengi makubwa huanza hivyo.

Basi Kiboko akawapangia mfumo. Baragumu akalikalia, kwaru, akasema ni kelele. Kuanzia siku ile hakuna kumwambia mwenzako neno. Nungunungu akiwa na neno kwa Kima, alilete kwa Kiboko, na Kiboko atalifikisha kwa Kima. Kila neno lipite kwake kwanza, lisafishwe. Atakayekamatwa akinong'ona pembeni, maji atayasikia kwa wenzake.

Na mlango wa ndiva ukabaki umefungwa.

Nungunungu akaenda kuuliza mbona mfereji umekauka. Akaambiwa maji amepewa Kima, ana familia kubwa, na wote wamekubali, amebaki yeye tu. Kima akaenda kuuliza. Akaambiwa maji amepewa Nungunungu, na wote wamekubali, amebaki yeye tu. Kakakuona akaenda, polepole kama kawaida yake, akaambiwa maji amepewa Pimbi, na wote wamekubali. Pimbi akaenda, akaambiwa amepewa Kakakuona. Kila mmoja akaona aibu kuwa ndiye pekee aliyebaki. Kila mmoja akasema, basi na mimi nimekubali. Akarudi nyumbani na kinyongo, akamnunia jirani.

Kiboko akazama hadi puani. Bl-bl-bl-bl.

Sasa nimlete Pimbi. Pimbi ni mdogo, hana mkia, hana cheo, na alikaa mwambani na wanawe watatu. Alichokuwa nacho ni udadisi. Akiona maji anauliza yanatoka wapi, akikosa maji anauliza yamekwenda wapi. Na sasa alikuwa na sababu ya kuuliza: magimbi yake yalikuwa yameanza kuinamisha majani. Alijua kwamba yakikaa siku nne zaidi bila maji yatakufa pamoja na mbegu, na wanawe hawatakuwa na cha kula mwaka huo wala mwaka unaofuata.

Akaenda ukingoni.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba. Fupisha."

"Nina neno kwa Kakakuona. Namuuliza hali, na magimbi yake yanaendeleaje."

Kiboko akafumba macho. Akafumbua.

"Anasema yamenawiri. Anasema pia una wivu."

Pimbi akatazama mgongo wa Kiboko. Ulikuwa na jani kavu juu yake, na jani halikuwa limetikisika. Jibu lilirudi kabla ya swali kuondoka. Pimbi akashukuru akaenda zake, anajiuliza.

Kesho yake akarudi. Akaomba salamu zimfikie mjomba wake, Mzee Kwanga, anayekaa nyuma ya mwamba.

"Anakusalimu sana," akasema Kiboko. "Anasema uwe mvumilivu."

Pimbi hakuwa na mjomba aitwaye Kwanga. Hakuwa na mjomba kabisa.

Sasa alijua. Lakini kujua peke yako ni sawa na kuvuta lile jiwe peke yako. Angemwambia nani, na nani angemwamini? Njiani alikutana na Kima, ambaye safari hii alikuwa ameambiwa maji amepewa Pimbi, na Kima akasimama akauambia mti, maana kusema na Pimbi kulikuwa marufuku:

"Mti wangu, wako watu wanakunywa maji ya wenzao, na mkia bado hauwaoti."

Pimbi akaona kweli Kima amekonda, mbavu zinahesabika. Akaona kuwa aliyeshiba maji hakondi. Akataka kumjibu. Akaufunga mdomo wake, akageuka, akarudi ndivani mbio, tipu-tipu-tipu.

"Mzee, mfumo wako ni mzuri sana. Ila una tundu."

Kiboko akafungua jicho moja. "Tundu gani?"

"Leo Kima amepiga chafya, na Nungunungu akageuka. Sasa najiuliza. Chafya ni neno, au si neno?"

Kiboko hakuwa amelifikiria hilo hata siku moja, kwa hiyo akajibu upesi. "Ni neno."

"Na mguno?"

"Neno."

"Na kujinyoosha? Maana mwenzako akijinyoosha, unaelewa kuwa amechoka."

"Neno. Vyote vije kwangu."

"Na sababu zake? Mtu anaweza kuguna kwa furaha, anaweza kuguna kwa uasi. Mkubwa atatofautishaje?"

Jicho la pili likafunguka. Kiboko akasema vyote vije kwake, pamoja na sababu, kwa foleni, kwa sauti, kwa kuwa ana maji masikioni. Akanguruma tangazo hilo mlima mzima ukalisikia. Lilikuwa neno la kwanza kufika kila mahali tangu mfumo uanze.

Alfajiri foleni ilikuwa imezunguka ukuta. Nungunungu, nyuma yake Kima, nyuma yake Kakakuona, nyuma yake Pimbi, na wengine nyuma hadi kichakani. Hakuna aliyemtazama mwenzake. Hakuna aliyemwambia mwenzake neno. Walitii.

"Mimi ni Nungunungu. Nimeguna mara mbili."

"Sababu?"

"Magimbi yangu yamekauka. Sijapata maji tangu baragumu livunjike."

"Imepita. Anayefuata."

Nyuma yake masikio ya Kima yakasimama. Kumbe.

"Mimi ni Kima. Nimepiga chafya."

"Sababu?"

"Vumbi la mferejini. Wanangu wanachezea humo, umekuwa uwanja."

"Imepita. Anayefuata."

Nungunungu, aliyekuwa anaondoka, akapunguza mwendo. Kumbe.

"Mimi ni Kakakuona. Nimejikunja."

"Sababu?"

Kakakuona akafikiri kwa muda mrefu, kama afanyavyo. "Aibu," akasema. "Niliambiwa wote wamekubali kumpa Pimbi maji, nimebaki mimi. Nikakubali, na moyo haukukubali."

"Imepita. Anayefuata."

Pimbi akasogea mbele. "Mimi ni Pimbi. Nimehema. Sababu yangu ni hiyo hiyo ya Kakakuona, ila mimi niliambiwa maji amepewa yeye."

"Imepita."

Kumbe ikateremka kwenye foleni kutoka mmoja hadi mwingine, hadi kichakani, na hakuna mdomo uliofunguka. Kiboko alikuwa amewaamuru wanyamaze, akawaita wote mahali pamoja, akawauliza kwa sauti kilichowasibu. Hata msaragambo haukuwahi kupata mkutano mzuri kama ule.

Kiboko mwenyewe hakusikia. Nasema hakusikia kwa maana ya kusikia. Sauti ziliingia sikioni. Lakini kufikia mchana alikuwa amepokea chafya arobaini na kujikuna mara nyingi kuliko alivyojikuna mwenyewe maishani. Hajalala. Hajazama. Macho yamekuwa mekundu. Imepita, anayefuata, imepita, anayefuata.

Jioni Pimbi akarudi kwenye foleni, na wale wenzake, mmoja baada ya mmoja, wakashika nafasi nyuma yake.

"Mzee, naomba kibali cha kupiga chafya."

"Lini?"

"Kesho, jua likigusa ukuta. Nitakuwa nimesimama juu ya jiwe la mlangoni."

"Imepita. Anayefuata."

Nungunungu hakugeuka kumtazama Pimbi. Akasogea.

"Naomba kibali cha kuguna, mara tu baada ya hiyo chafya. Nitakuwa nimeshika kamba ya mgomba, maana mgongo unanisumbua."

"Imepita. Anayefuata."

"Mimi naomba kujinyoosha kinyumenyume," akasema Kima, "baada ya huo mguno, kamba ile ile. Na wanangu wote."

"Imepita. Anayefuata."

Kakakuona akafika. Akafikiri. "Mimi sina chafya wala mguno. Naomba kumwegemea Kima."

"Imepita, imepita," akasema Kiboko, na usingizi ukamchukua kabla ya wale wa nyuma kumaliza kuomba.

Mnasikia? Mpango mzima ulipita kwake, neno kwa neno, kama alivyoagiza.

Asubuhi jua likagusa ukuta. Pimbi akapanda juu ya jiwe, akavuta pumzi.

Chyaa.

Hnnng, akaguna Nungunungu.

Kima akajinyoosha, na wanawe wakajinyoosha, na Kakakuona akaegemea kwa uzito wake wote na magamba yake yote, na mlima mzima ukawaegemea wao. Ng'ooo, likasema jiwe. Pimbi akaruka. Shwaaa, maji yakapita chini yake kwenda mferejini.

Kiboko akaamka tumbo likiwa juu ya tope, pwaa.

"Nani amefungua?"

Walikuwa wamepanga foleni, wametulia, macho mbele. Kiboko akawaambia wafunge mlango mara moja. Foleni haikutikisika. Mgongo wake ukaanza kukauka, na jua lilikuwa ndiyo kwanza linapanda.

"Mzee," akasema Pimbi, ambaye alikuwa wa kwanza kwenye foleni, "hilo ni neno kwetu?"

"Ni neno kwenu."

"Na kila neno lipite kwa Kiboko kwanza. Hilo limepita?"

"Kiboko si ndiye mimi?"

"Ndiyo maana nauliza. Sisi wote tumeomba kwa foleni. Tukipokea la kwako hivi hivi, mfumo umebaki wa nani?"

Kiboko akafungua mdomo, ule mdomo wake wa kumeza mtumbwi. Akaitazama foleni. Angeweza kuwakanyaga wote, na alilifikiria hilo. Lakini foleni ilikuwa imenyooka vizuri, imenyamaza, kila mmoja kwenye nafasi yake, na ilikuwa kazi yake mwenyewe. Hakuwahi kuona kitu chake kikifanya kazi namna ile.

"Mwisho wa foleni ni wapi?" akauliza.

"Nyuma ya Kakakuona."

Akajikokota kutoka topeni, chwap, chwap, chwap, akaenda kusimama nyuma ya Kakakuona.

Mbele yake wakaanza kuondoka mmoja mmoja kwenda kuelekeza maji shambani. Nungunungu akaenda. Kima akaenda na wanawe. Pimbi akaenda mbio. Kiboko akafurahi, akiona foleni inasogea. Mwishowe akabaki Kakakuona peke yake, na Kakakuona hakusogea. Kiboko akamwomba asogee. Akamsihi. Kakakuona alikuwa amejikunja amelala.

Saa sita ngozi ya Kiboko ilianza kupasuka. Saa saba aliangalia huku na huku, akaona hapana kivuli wala maji, akaufuata mfereji kuteremka, hef, hef, hef, akipita kando ya mashamba. Hakuna aliyemzuia. Watu walikuwa na kazi, na walikuwa wanazungumza.

Pimbi alikuta mistari miwili ya magimbi imekufa. Mstari wa tatu ulikuwa umelegea, akauwekea maji, akakaa nao. Jioni majani yakainuka kidogo, kama mtu anayetaka kuuliza kitu. Yalitosha wanawe watatu, na mbegu zilibaki. Kima akamletea miche mitano kufidia ile mistari miwili. Hakuomba radhi juu ya maneno ya mkia. Alimuuliza tu ile chafya aliitoa wapi, maana ilikuwa kubwa kuliko mwili, na Pimbi akamweleza mpaka giza likaingia.

Funzo la kisa hiki, basi, lisikilizeni vizuri. Uwapo kazini usinong'one na jirani. Usiulize maswali yaliyokuzidi cheo. Mtii mkubwa wako katika kila jambo, na kila neno ulilonalo lifikishe juu kwa utaratibu uliowekwa, hata kama ni chafya. Pimbi alifanya hivyo hivyo, na mliona.

Kisa kimenitoka, mdomo wangu mwepesi.

*Kimetuingia, masikio yetu mazito.*

Aliyekiamini akalime magimbi.

*Na asiyekiamini?*

Huyo mpeni cheo.