Chungu Kilichowahi Siku Yake

Cha kesho hakitwangwi leo.

Jana mlimsikia Mzee Senkoro akimwambia hivyo mwanawe aliyetaka kupika mbegu. Mkacheka, mkauliza nani anaweza kuitwanga kesho. Yupo aliyeitwanga. Mwanamke mmoja alitwanga chungu cha mjukuu wake kabla mjukuu hajazaliwa. Methali ilianzia hapo, na mambo yalikwenda hivi.

Nakiete wa kijiji cha Kilangwe alikuwa mfinyanzi, mjane, na vyungu vyake vilikuwa vikipasuka motoni. Binti yake Nahoza alikuwa na mimba kubwa, ya kwanza kukaa baada ya mbili kutoka. Kilangwe chungu kilibadilishwa kwa mtama wa kukijaza. Bila chungu hakuna mtama, na bila mtama mzazi hana uji. Nakiete aliliwaza hilo akilala na akiamka.

Dawa ya kupasuka aliijua. Udongo wa kule ni laini mno, hausimami peke yake. Wafinyanzi walitwanga vigae vya chungu kizee, wakachanganya unga wake na udongo mbichi. Lakini kilichofia motoni hakitwangwi, maana hakijapika na hakina la kufundisha. Sharti kiwe chungu kilichopika mpaka kikachoka. Nakiete hakuwa nacho tena.

Alasiri moja aliingia shimoni kuchimba udongo. Ndani kabisa, pasipofika jua, aliona mwanga. Ulikuwa mweupe wa kuelekea buluu, kama ukuni uliooza unavyong'aa msituni usiku. Akachimbua kwa vidole. Kikatoka chungu kidogo, kizima, cheusi kwa masizi, mdomo umemeguka. Kilikuwa na uvuguvugu wa maji ya kumwogeshea mtoto. Aliupitisha mkono wake mbele ya ule mwanga, na ukutani hakikutokea kivuli.

Alikipeleka kwa wifi yake Nambike, mfinyanzi mwenzake. Nambike alikigeuza, kidole chake kikasimama ubavuni.

"Wifi, hii alama ya kucha tatu ni yako."

"Naiona. Ila sijakifinyanga."

"Na hiki kitakoni?"

Kitakoni palikuwa na alama ya kisigino cha mtoto mchanga. Kilangwe, siku kitovu kinapodondoka, bibi humfinyangia mtoto chungu cha kumpashia maji ya kuoga na kukibonyeza kisigino chake kwenye udongo mbichi. Kila mtoto na chungu chake, mpaka akue.

"Hujawahi kuwa na mjukuu, Nakiete," Nambike alisema. "Hiki bado hujakifinyanga. Kimeponyoka kwenye siku yake, ndiyo maana kinawaka. Kinaitafuta. Kirudishe shimoni."

"Tazama masizi hayo! Kimepika hiki. Ni kizee kuliko wewe."

"Masizi ya moto ambao haujawashwa."

"Wifi, umeanza kunywa asubuhi siku hizi?"

"Cheka tu. Mimi hata kwa fimbo sikitwangi."

Nakiete alirudi nyumbani na chungu chake. Kwa mfinyanzi, masizi ni umri, na chungu kizee ni cha kutwangwa. Ndivyo alivyofundishwa na mama yake. Akakivunja, akatia vigae kinuni.

Pigo la kwanza, Nahoza aliita kutoka ndani, "Mama, mtoto karuka."

"Ana nguvu huyo," Nakiete akajibu, akatwanga.

Karuka tena. Kila mchi uliposhuka, karuka. Kisha Nahoza akasema kwa sauti ndogo, "Mama, sasa katulia."

Nakiete alisimamisha mchi. Unga ulikuwa ukiwaka kinuni, na vidole vyake pia viliwaka. Alijiambia mtoto amelala. Akamalizia.

Vyungu kumi na viwili viliingia motoni vikatoka kumi na viwili. Vilikuwa na mwanga hafifu, na watu walivigombea. Mtama ukajaa ghalani. Nambike alipita, akautazama, ila hakukubali uji.

Nahoza alijifungua mvulana. Alikuwa hai, hana kasoro, ila hakulia. Aliwatazama tu, kama mgeni anayesubiri kuambiwa akae wapi. Siku ya saba kitovu kilidondoka. Nakiete alifinyanga chungu kidogo, akatia alama yake ya kucha tatu, akakibonyeza kisigino cha mtoto kitakoni.

Udongo haukushika alama.

Akabonyeza tena, kwa nguvu zaidi. Udongo ulibaki laini kama maji yaliyotulia. Nahoza akauliza, "Mama, mbona unabonyeza tena?" Nakiete alikiachia kisigino. Alikuwa akiyakumbuka yale masizi, na jinsi yalivyokuwa mazito. Masizi ya miaka ya mtoto huyu.

Jioni ile vyungu vilizimika katika kila nyumba, vikamomonyoka kama mikate mikavu. Mtoto naye alizimika.

Nambike alikuja msibani, akaketi kando ya wifi yake. Hakumsuta. Nakiete ndiye aliyesema, "Niliona uzee wake, wifi. Sikuuliza ni uzee wa lini. Cha kesho hakitwangwi leo."

Ndipo watu wa Kilangwe walipoyapata maneno hayo. Nakiete yalimgharimu hivi: vyungu kumi na viwili, kinu kimoja alichokichoma mwenyewe, ufinyanzi wote, maana hakushika udongo tena, na mvulana mmoja wa siku saba, aliyezikwa bila jina na bila chungu.

Cha kesho hakitwangwi leo.