Kwa Nini Beberu Wetu Huvaa Simu

"Bibi, kumvalisha beberu simu ni ushamba." Ndivyo alivyonijibu Lechipya leo asubuhi, akachukua fimbo, huyo machungani, simu mkononi. Mshamba nani? Baba yake mzazi? Basi ninyi mnaopepeta mtama, sikieni, maana ugomvi huu una mwanzo wake.

Simu zilipoanza kuingia huku kwetu, beberu alivaa njuga tu. Simu ilikaa na mchungaji. Mwaluko, baba yake Lechipya, alikuwa kijana, kamposa Nyemo wa Mzee Chilewa, na imebaki siku moja mbuzi wa mahari wapelekwe. Aliwachunga mwenyewe, hakumwamini mtu.

Siku hiyo Nyemo akamwandikia, naye akajibu. Akaandikiwa tena, akajibu tena. Alitembea kainama toka asubuhi, anaona kwato tu. Kwato zikienda, naye anaenda.

Nyemo akauliza, "Mbuzi wetu wazima?"

"Wako mbele yangu hapa, nawaona mmoja mmoja."

Kumbe pale kisimani makundi mawili yalichanganyika, na yalipoachana Mwaluko akafuata kwato zisizo zake.

Jua likashuka, kwato zikaingia zizini. Akataka kuinua kichwa, shingo ikakataa, imekaza kama gogo. Akasikia sauti ya mama, "Karibu, mkwe." Alikuwa kafuata mbuzi wa ukweni mpaka ukweni.

Mama mkwe alivyomwona kainama vile, akafurahi. "Kijana ana heshima huyu, hata macho hanyanyui." Akamletea kigoda. Mwaluko akaiacha heshima ile imkae.

Mara Mzee Chilewa akatokea shambani, anaswaga kundi kwa hasira. "Mbuzi wa nani hawa waliomaliza mtama wangu?"

Mwaluko aliijua njuga ya beberu wake. Ikabidi ageuke mwili mzima, kama mlango.

"Wangu, baba. Ndio wa mahari."

"Mahari gani hii inayokuja kula kwangu kabla sijaipokea? Asiyeona mbuzi mchana, mwanangu atamwona lini?" Posa ikafia pale.

Nyemo akatoka jikoni. Akamnyang'anya Mwaluko simu, akaitia kwenye kifuko cha ngozi, akaifunga shingoni mwa beberu, kando ya njuga. "Baba, mpe msimu mmoja. Akinitaka kwenye simu, amkamate huyu kwanza. Hapo mbuzi atajua walipo."

Mzee alijizuia kucheka, akashindwa. Msimu ukapita, mtama haukuguswa, Nyemo akaolewa. Na shingo ya Mwaluko ilinyooshwa na zile mbio za kumfukuza beberu kila simu ilipolia.

Ndiyo maana hadi leo beberu wa ukoo huu akisikia simu inalia hutimua mbio, na wachungaji wetu wanatembea shingo wima.

Sasa wewe Semeni, unakwenda kisimani, Lechipya utamkuta. Mwite. Akigeuza shingo, mpe maneno haya. Akigeuka mwili mzima, kama mlango, mpe upesi, halafu umuulize anafuata mbuzi wa nani.