Kwato Hazisomi

Paukwa!

— Pakawa!

Mh! Hiyo sauti ya nani, ya mgonjwa? Nyinyi akina baba mmekaa shingo upande, mnadhani hadithi ni ya watoto. Ya leo ni ya wote. Tena wakubwa ndio watakaoona haya. Paukwa!

— Pakawa!

Haya basi. Hapo zamani za kale, wanyama walikuwa na dimbwi moja na jiwe moja. Dimbwi la kunywa, jiwe la kuheshimu. Jiwe lilisimama ukingoni, refu, jeusi, limejaa maandishi. Wahenga ndio walioandika. Wahenga wakafa, maandishi yakabaki.

Nani aliyasoma? Mzee Nyani. Peke yake! Kabla yake alisoma baba yake, na kabla ya baba yake, babu yake. Ilikuwa kazi ya nyumba yao, kwa kuwa wao wana vidole. Na ilikuwepo desturi. Nyani akisoma, wanyama wote sharti waligeuzie jiwe mgongo na kufumba macho. Eti maandishi yakitazamwa na asiye na vidole, huona haya na kukimbia.

Nyani hugonga jiwe, ko! ko! ko!

"Geukeni!"

Wanageuka.

"Kwato hazisomi!"

"Hazisomi!"

"Kucha hazisomi!"

"Hazisomi!"

Ndipo anakohoa, ehem, ehem, anasoma: "Jiwe linasema, kunyweni wanangu. Lakini kiangazi kikikaza, dimbwi litachukua watoto. Msilie. Na Nyani mleteeni mabungo."

Mabungo yakaletwa. Na watoto wakachukuliwa. Jamani! Kila kiangazi, mtoto anakunywa asubuhi, adhuhuri tumbo limevimba, alasiri hayupo. Wakubwa tumbo liliwasokota, wakapona. Wadogo hawakupona. Na mama zao hawakulia, kwa sababu jiwe limesema msilie.

Bi Ngiri alizika watatu. Nasema watatu! Akabaki na binti mmoja tu, kitinda mimba, jina lake Sikudhani.

Kiangazi kikaja tena, na safari hii kilikuja na hasira. Dimbwi likanywea. Ukingoni pakafanya utando mweupe. Bi Ngiri akamzuia mwanawe asinywe.

"Mama, kiu."

"Subiri, mwanangu."

"Mama, kiu."

"Subiri."

Asubiri nini? Mama mwenyewe hakujua.

Siku ya pili Korongo akatua, pwaa! Mgeni, katoka mbali, mabawa yamejaa vumbi. Akainama anywe. Akaliona jiwe. Akalitazama hivi hivi, macho wazi, bila kugeuka. Mdomo ukabaki umeachama.

"Dada," akamwambia Bi Ngiri, "mtoto huyu asinywe hapa!"

"Usilitazame!" Bi Ngiri akapiga kelele. "Utatuletea nuksi!"

"Nisilitazame vipi, na limewekwa litazamwe? Kwetu kila kifaranga hufundishwa kusoma kabla ya kuruka. Sikiliza." Akasoma. "Kiangazi kikikaza, maji haya ni sumu. Msinywe. Msiwanyweshe watoto. Zungukeni nyuma ya jiwe, mhesabu hatua saba, mchimbe. Kuna maji matamu."

Bi Ngiri akamsogelea. "Rudia."

Korongo akarudia.

"Rudia tena."

Akarudia tena. Wanyama wakajaa. Mzee Nyani akaja mbio, manyoya yamemsimama.

"Mwongo huyo! Ndege mpita njia! Jiwe linasema atakayechimba nyuma yake, ukoo wake utakwisha!"

Wanyama wakarudi nyuma hatua mbili. Mngefanyaje nyinyi? Nyani wamemsikia tangu utotoni. Korongo wamemjua saa ile ile. Na Bi Ngiri ukoo wake ulikuwa huyo mmoja tu, ulimi nje.

Mara Sikudhani akaanguka, pu!

Bi Ngiri akatazama huku, akatazama huku. Chini ya kichaka akaona udongo umechorwachorwa, mistari na misalaba. Akaita kwa adabu:

"Mzee Nyani, shikamoo."

"Marahaba."

"Hapa chini kuna maandishi mengine, mzee wangu. Hatujapata kuyaona. Tusomee."

"Geukeni!"

Wakageuka. Bi Ngiri naye aligeuka, ila safari hii hakufumba macho, alichungulia. Nyani akainama. Akapitisha kidole. Akakohoa, ehem, ehem.

"Wahenga wanasema, mpigeni Korongo mumfukuze. Na Kanga atoe mayai matano kabla jua halijatua."

Kanga akaruka juu. "Ka-ka-ka-ka! Wahenga gani? Hapo nimechakura mimi! Kwa miguu yangu hii! Asubuhi nilikuwa natafuta mchwa!"

Wanyama wakafumbua macho, wakamgeukia Nyani.

"Mzee Nyani," Bi Ngiri akauliza polepole, "unajua kusoma?"

Nyani akakaa chini, kishindo.

"Sijui."

"Na baba yako?"

"Hakujua."

"Na babu yako?"

"Babu aliulizwa mbele ya baraza, jiwe linasema nini? Akaona aibu kusema hajui. Akabuni neno. Akawaambia mgeuke, msije mkamwona anavyobabaika. Tangu hapo nyumba yetu inabuni neno."

Salaale! Nyati alihama malisho mazuri kwa sababu jiwe lilisema. Swala alimfukuza mkewe kwa sababu jiwe lilisema. Miaka na miaka, maisha ya watu yameendeshwa na kikohozi! Hata mimi ninayewasimulia mwili unanisisimka, na hadithi naijua.

"Auawe!" Fisi akasema. "Auawe! Auawe!"

Bi Ngiri hakungoja kesi. Akazunguka jiwe. Hatua moja. Hatua mbili. Tatu, nne, tano, sita. Saba! Akachimba kwa meno yake marefu, kwaru, kwaru, kwaru. Vumbi. Akachimba. Udongo mbichi. Akachimba. Bwee! Maji! Safi, baridi, matamu! Akamburuta mwanawe, akamtia mdomo majini. Sikudhani akanywa, akakohoa, akafumbua jicho moja.

"Mama, kumbe yalikuwa hapa?"

Ndipo Bi Ngiri alipolia. Aliwalilia wanne kwa pamoja, watatu waliokwenda na mmoja aliyebaki.

Fisi akamgeukia Nyani, meno nje. Lakini Nyani hakukimbia. Alikuwa amesimama kati ya kisima na dimbwi, anapima kwa macho. Kisimani. Dimbwini. Kisimani.

"Hatua saba," akasema. "Wangu pia."

"Wako nani?" Korongo akauliza.

"Mwanangu, kiangazi kilichopita. Nilimnywesha mwenyewe kwa kiganja hiki. Mama yake akaniambia, soma tena, huenda jiwe limesema neno jingine. Nikasimama mbele ya jiwe. Nikatazama. Nikamwambia, linasema usilie."

Fisi akafunga mdomo. Hakuna aliyemgusa Nyani siku ile, wala baada yake. Adhabu gani ungemwongezea?

Kesho yake asubuhi wanyama wote walisimama mbele ya jiwe, nyuso mbele, macho wazi. Korongo akaonyesha kwa mdomo, wao wakatamka. Wenye kwato, wenye kucha. Na Nyani akiwa katika mstari wa mbele kabisa, sauti inamkatika kila akifika penye neno "watoto".

Sikieni basi, wadogo kwa wakubwa. Kusoma ni haki ya kila aliyezaliwa, si mali ya nyumba moja. Anayekwambia ugeuke ili akusomee, mwambie, nitasoma mwenyewe. Na ukiulizwa usilolijua, sema sijui. Neno hilo halijapata kuua mtoto wa mtu.

Hadithi yangu imekoma hapo. Atakayeisimulia, asiigeuze.