Bi Pimbi na Sauti ya Habari

Paukwa.

Pakawa.

Wa nyuma mmefika?

Tumefika, na masikio tumekuja nayo.

Basi yategeni, maana ngano ya leo haitazamwi, inasikilizwa.

Hapo kale wanyama walikuwa na desturi yao. Kila jioni, jua likianza kulegea, mmoja wao alipanda juu ya kichuguu akawatangazia wenzake habari za siku: kisima kipi kimekauka, majani mabichi yako upande gani, nani kazaa, nani kafa. Walitangaza kwa zamu, kila mmoja kwa sauti aliyozaliwa nayo. Na zamu haikukwepeka, kwa sababu ulikuwa mwaka wa kiangazi, na asiyejua maji yako wapi alikufa.

Bwana Chui hakuwahi kufika kichuguuni. Alijilaza juu ya tawi lake, macho kafumba, masikio kasimamisha. Akisikia che-che-che kwa mbali, alijisemea, "Huyo Kanga. Basi nyumbani kwake hayupo." Akashuka, nyata, nyata, nyata, hadi kwa Kanga, akala vifaranga. Kesho yake akisikia zik-zik, alijisemea, "Huyo Digidigi. Basi nyumbani kwake hayupo." Akashuka, nyata, nyata, nyata, hadi kwa Digidigi, akala mtoto. Wala haikuwa njaa. Alikula shibe juu ya shibe, mpaka tumbo likaburutika chini.

Wanyama wakalia, wakaendelea na zamu. Hakuna aliyejua Chui anajuaje.

Ikafika zamu ya Bi Pimbi. Huyu ni yule mdogo wa kwenye majabali: hana mkia, hana pembe, hana kimo. Alichokuwa nacho ni akili, na mapacha wachanga pangoni. Akawaza: wa Kanga waliliwa Kanga akiwa kichuguuni. Wa Digidigi aliliwa Digidigi akiwa kichuguuni. Kumbe Chui hatunusi, anatusikiliza.

Asubuhi akapita kwa watangazaji wote, nyumba kwa nyumba, akawaambia watafute sauti moja isiyo ya yeyote. Akawafundisha mwenyewe. Itoke kifuani, isitoke puani. Ianze juu, iteremke taratibu, itue, ipumzike, ndipo iendelee. Habari ya msiba na habari ya harusi zipite njia ileile. Kanga alijaribu, akapaliwa. Nyani akacheka mpaka akaanguka. Digidigi akasema anaona haya. Bi Pimbi yeye hakucheka. Akawaambia warudie, wakarudia, akawaambia tena, wakarudia tena, mpaka ukifumba macho humjui Kanga ni yupi wala Nyani ni yupi.

Jioni akapanda kichuguu. Akainyoosha sauti.

"Hamjambo, na karibuni katika taarifa ya habari. Kwanza, muhtasari wake."

Jamani, msitu ulinyamaza. Nyenje waliacha kulia. Tembo alishusha masikio. Waliokuja kuuliza maji walisahau kiu. Sauti ilikuwa nzito, pana, tulivu, na haikuwa ya mmoja wao. Wakajiona wadogo mbele yake, na wakapenda kuwa wadogo. Bi Pimbi mwenyewe aliistaajabia, akaiogopa kidogo, ingawa ilitoka kinywani mwake. Na muda wote alikuwa akijiuliza: wanangu wako hai? Alijiuliza hivyo huku akitangaza habari za kisima cha mashariki, na sauti haikuyumba.

Juu ya tawi, Chui akafumbua jicho. Huyo nani? Si Kanga. Si Nyani. Sasa nani hayupo nyumbani? Hakujua aende kwa nani. Na ajabu ni kwamba hata hamu ya kwenda ilimtoka. Manyoya yalimsimama kwa uzuri wa ile sauti. Akashuka akaifuata, nyata, nyata, nyata, hadi kichuguuni. Wanyama wakatimka, purrr. Akabaki Bi Pimbi peke yake, maana taarifa ilikuwa haijaisha.

"Sauti hii ni ya nani?" Chui akauliza, mpole kuliko alivyowahi kuonekana.

"Si ya yeyote, bwana mkubwa. Ni ya habari yenyewe."

"Naitaka."

"Ukinila itakufa pamoja nami. Nikikufundisha utakuwa nayo. Ila haikubali kuchanganywa. Ukiichukua hii, ile ya kunguruma uiache hapa."

Chui hakufikiri mara mbili. Akakaa kitako, akafundishwa: ianze juu, iteremke, itue, ipumzike. Tusimdhulumu, alijifunza upesi, maana kifua alikuwa nacho. Akaondoka anajisikiliza njia nzima.

Sasa, pango la Chui lilikuwa na mlango wa jiwe, unaofunguliwa kwa ndani. Na kwa kuwa aliujua ubaya wa dunia kuliko wote, alikuwa amemuusia mkewe asimfungulie yeyote mpaka asikie ngurumo yake. Chui akafika, akasimama wima.

"Wanangu wapenzi, hamjambo. Habari tulizozipata hivi punde zinasema kuwa baba yenu amerejea. Kwa undani wa habari hizo, fungueni mlango."

Ndani, Mama Chui akawaambia watoto, "Shii. Taarifa ya habari." Wakakaa kitako, vinywa wazi, wakasikiliza kwa adabu zote. Chui akakohoa, akajaribu kunguruma, ikatoka, "Tukiendelea na taarifa yetu." Watoto wakausogelea mlango wasikie vizuri, wala hakuna aliyeufungua.

Bi Pimbi alipofika kwake aliwakuta mapacha wamelala, mmoja kamlalia mwenzake mgongoni. Alilia kwa furaha, kimyakimya, asije akawaamsha.

Ndiyo maana hadi leo ukiwasha televisheni, msomaji wa habari awe wa Tanga au wa Garissa, awe bibi au bwana, sauti ni ileile. Msidhani hawana za kwao. Wameacha watoto nyumbani, na hawataki Chui ajue ni nyumba ya nani.

Na funzo lake, wanangu, ni hili: kila mtu aongee kwa sauti yake mwenyewe, kwani kuiga kunaleta hasara. Muulizeni Bwana Chui. Ngano yangu imetua hapo. Aliyesikia amsimulie aliyesinzia.