Majivu ya Kiboko

Paukwa!

Pakawa!

Pakawa moto?

Pakawa na majivu!

Haya, sogeeni. Na wewe uliyenyoosha miguu jikoni, ivute.

Hapo kale, Kiboko alikuwa na manyoya marefu na tumbo lisiloshiba. Siku moja akaokota jiwe la moto. Halitaki kuni, halitaki kupulizwa. Akapika uji, akanywa peke yake. Akapika tena, akanywa peke yake. Lakini jiwe lile lilitoa majivu, na majivu yale hayapoi. Akayamwaga mtoni, samaki wakaelea. Akayamwaga kichakani, nyasi zikanyauka. Kila mnyama akamwambia, "Kwangu? Thubutu!"

Ndipo akamkumbuka Fuko, jirani yake mdogo aishiye chini ya ardhi. Akamwendea na chungu cha majivu, tifu! tifu! tifu!

"Hodi, jirani! Nimekuletea zawadi. Wewe una shimo refu, yafukie humo."

"Yatapoa lini, bwana mkubwa?"

"Aa, vitukuu wako watakuja kuniambia."

Fuko akaogopa sana. Shimoni mlikuwa na watoto wake wachanga. Lakini abishane na Kiboko? Unyayo mmoja tu ungeziba mlango! Akainama, akashukuru kwa mikono miwili.

"Ahsante, jirani. Kesho uje uchukue chungu chako. Nawe wajua, chungu cha jirani hakirudi kitupu."

Kiboko alipoondoka, Fuko akakiacha chungu kule kule nje. Akachoma viazi vitamu kwa kuni zake mwenyewe. Akafunika majivu kwa jani la mgomba, akavipanga juu.

Kesho yake, tifu! tifu! Kiboko akaja, akala kimoja, akala vyote.

"Nani kaviivisha hivi?"

"Si majivu yako! Niletee na yale mengine, jirani. Ila usimwambie mtu."

Kiboko akatoa macho. "Kumbe nagawa mali yangu!" Akakwapua chungu.

"Zawadi hairudishwi, jirani!" Fuko akalia kwa jicho moja, jingine linacheka.

Kiboko akakusanya majivu yote, akayakalia yasiibwe. Joto likampanda. Manyoya yakapukutika, pu! pu! pu!

"Mama yangu wee!" Chubwi, majini!

Hadi leo yumo, kipara mtupu, ametoa macho tu analinda chungu chake. Na majivu? Bado ya moto.

Funzo: mdogo asibishane na mkubwa, na zawadi ya jirani haikataliwi. Mwoneni Fuko. Alipokea kwa mikono miwili, na hakuungua hata kidole.

Ngano yangu nimeifukia hapa. Anayetaka kuifukua, aje na jembe lake.