Mnong'ono wa Liwali

Msanifu majengo Shekue hakuweza kusikia wimbo wa sifa asiugeuze mzaha. Alipougeuza wa Liwali Badi, mji mzima ulivunjika mbavu. Liwali akatangaza kuwa atakayeutamka atafukuzwa mjini, akamwita Shekue katika ukumbi mpya wenye kuba, ambao Shekue ndiye aliyemjengea. Watu wakangoja uani.

"Kiri, mwanaharamu! Wimbo ule wa tumbo langu ni wako!"

"Nyimbo za tumbo lako ni nyingi, bwana mkubwa. Ni upi? Simama hapa katikati, uninong'oneze."

Liwali akainama sikioni mwake: "Tumbo limekwisha fika, Liwali yuaja nyuma..."

Uani watu wakaangua kicheko.

"Wamesikiaje?"

"Kuba hili nililijenga lipeleke mnong'ono hadi nje," akasema Shekue. "Nikusaidie kufunga mizigo?"