Jeshi la Mawe la Mfalme Tembo

Paukwa!

— Pakawa!

Pakawa na jeshi.

— Likala nini, bibi?

Hilo ndilo neno. Sogeeni.

Hapo kale, Mfalme Tembo hakuogopa simba wala moto. Aliogopa siafu tu, maana siafu akiingia mkongani, hata ufalme hausaidii. Basi akaweka jeshi kwenye kivuko cha mto. Mkuu wake Jenerali Fisi, chini yake Brigedia Kiboko, chini yake Kanali Ngiri.

Jeshi lile lilikuwa na mila: askari asipomaliza chakula chake, mkubwa wake humalizia, ili chakula cha mfalme kisitupwe. Mila nzuri, eti? Wakubwa waliipenda mno! Wakawafukuza askari mmoja mmoja, wakaweka mawe mahali pao, wakayavika kofia za vibuyu. Vyungu vikija, jiwe halili. Wakubwa wanamalizia. Wakanenepa, wakanenepa, wakanenepa, mpaka Kanali Ngiri akawa anakula amepiga magoti.

Askari wa kweli akabaki Koplo Pimbi peke yake. Naye aliachwa ili aokote kofia upepo ukizipeperusha.

Mara habari ikaja: siafu hao! Mkewe, Mama Pimbi, akajifunga kibwebwe, mbio kwa Kanali Ngiri.

"Hodi afande! Mume wangu yuko peke yake, siafu waja!"

"Peke yake vipi, mama? Kule kuna jeshi zima! Halisinzii, halikohoi, halinung'uniki. Nenda kwa Brigedia."

Mbio kwa Brigedia Kiboko. "Mume wangu yuko peke yake, siafu waja!"

Kiboko akapiga mwayo. "Kuna jeshi zima, mama. Halisinzii, halikohoi, halinung'uniki. Nenda kwa Jenerali."

Mbio kwa Jenerali Fisi, yumo anafyonza mfupa. "Halisinzii, halikohoi, halinung'uniki! Tena yule wa mwisho kulia nimempandisha cheo juzi."

"Jenerali, lile ni jiwe."

"Shika adabu, mama! Yule ni Sajini."

Mama Pimbi hakubishana. Akaenda kwa mfalme. "Baba, njoo uwalishe askari wako kabla ya vita."

Tembo akaja na vyungu. "Askari wangu, hamjambo?"

Kimya.

"Nidhamu hiyo, Mtukufu," akasema Fisi.

"Haya, wale!"

Hakula hata mmoja. Wakubwa wakajilamba midomo, wakamalizia vyungu vyote mbele ya mfalme. Mila ni mila!

Mama Pimbi akapiga goti. "Baba, mimi ya jeshi siyajui, nauliza tu. Mkubwa akimaliza chakula cha askari, zamu ya askari anaimaliza nani?"

Tembo akatikisa masikio. Akalisukuma jiwe moja kwa mkonga. Kofia ikadondoka, jiwe likabaki jiwe.

"Aliyekula ndiye atakayesimama," akasema. "Kila jiwe likiitwa, liitikiwe!"

Siafu wakafika, nchi nyeusi tii. Kiboko akajitosa mtoni, akabakiza pua. Ngiri akaingia shimoni kinyumenyume. Fisi akaanza kunyata, Tembo akamkanyaga mkia.

Koplo Pimbi akapanda mwambani, akaita: "Sajini!"

"Nipoooo!" Fisi, sauti nzito.

"Kuruta!"

"Niiipo!" Fisi, sauti nyembamba.

"Mpishi!"

"Hi hi hi! Nipo!" Hapo alikuwa anacheka kwa woga.

Mbio jiwe hadi jiwe, siafu wanamtafuna miguu ya nyuma. Siafu walioko nyuma wakasikiliza. "Jamani, jeshi hili halina mwisho! Turudini!" Wakageuka wote.

Koplo Pimbi akarudi nyumbani. Mkewe akampakulia, akala, akamaliza mwenyewe. Fisi hajaruhusiwa kuacha zamu mpaka leo. Ukisikia porini sauti nzito, nyembamba, na kicheko, usidhani ni kundi. Ni Jenerali, anaitikia.

Alaye chakula cha mwenzake, amekula na zamu yake.

Chungu cha ngano nimekikwangua. Utamu wenu, ukoko wangu.

Haya, nani kamaliza karanga zangu zilizokuwa humu kwenye ungo?

— Si mimi, bibi! Si mimi!

Aliyekula anyanyuke, akafunge banda la kuku huko gizani.